Nyuma ya Kamera Kusini: Kutoka Kupamba Seti Hadi Kusimamia Shuti

Filamu ikija kupigwa Mtwara au Lindi, timu inayoshuka kwenye basi huwa na dairekta, kameramani, mtu wa sauti na waigizaji wachache wenye majina. Fundi wa seti, mtu wa propu, mtu wa kutafuta nyumba ya kupigia na mtu anayejua jenereta linapatikana wapi usiku hutafutwa hapa hapa, na bajeti ikiwa ndogo wote hao ni mtu mmoja. Ndiyo maana huku kusini usanifu wa seti na uzalishaji haviachani kama vinavyoachana kwenye studio kubwa. Anayezeesha ukuta asubuhi, na mchana akakwambia petroli imebaki lita ngapi, huyo hupigiwa simu tena.

Maelezo haya ni ya mpambaji wa harusi, seremala, fundi cherehani, mchora mabango, au kijana yeyote ambaye mikono yake tayari inajua kitu. Kinachowakwamisha wengi si ufundi, ni karatasi. Kwa hiyo tunaanza na karatasi.

Skripti kwanza, msumari baadaye

Soma skripti mara ya kwanza bila kalamu, kama msomaji wa kawaida. Mara ya pili shika kalamu tano za rangi: ya waigizaji, ya propu (kitu chochote mwigizaji anachokishika), ya mapambo ya seti (kilichomo chumbani lakini hakishikwi), ya mavazi na meki-apu, na ya tano ni ya mambo yenye hatari au gharama ya ghafla: moto, maji, mnyama, mtoto, gari, silaha. Jembe lililoegemezwa ukutani ni pambo. Mwigizaji akilichukua limekuwa propu, na hapo unahitaji la pili linalofanana nalo, kwa sababu mpini huvunjika siku ambayo hakuna wa kumtuma.

Kila sini, yaani tukio moja la mahali pamoja na wakati mmoja, ipe karatasi yake. Urefu upime kwa thumuni: gawa ukurasa mafungu manane, uandike sini hii thumuni tatu, ile ukurasa na thumuni mbili. Ukurasa mmoja hutoa takriban dakika moja ya filamu, na timu ya watu 15 hadi 20 yenye kamera moja humaliza kurasa 4 au 5 kwa siku bila kulipua kazi. Dairekta akikwambia mtapiga kurasa 9, mwonyeshe jumla ya thumuni na saa za mwanga zilizopo. Hesabu humaliza ubishi haraka kuliko maneno.

Chukua mfano huu. Sini ya 14, ndani, jioni, jiko la bibi. Bibi anabangua korosho, mjukuu anaingia na barua, bibi anaisoma, anaichana. Thumuni nne tu. Msomaji wa kawaida anaona bibi na barua. Wewe unaona hivi:

Korosho mbichi ina mafuta kwenye ganda yanayounguza ngozi, na moshi wake wakati wa kukaanga unawasha macho na koo. Mwigizaji hatakaa saa tatu juu ya moshi huo. Korosho zikaangwe nje mapema, zipoe, ziletwe zikiwa na ganda jeusi. Mikono ya bibi ipakwe majivu, kama wafanyavyo wabanguaji wenyewe, kwa hiyo picha inakuwa ya kweli na ngozi inapona. Moshi wa jikoni utoke kwenye kuni kavu na majani machache mabichi nyuma ya mlango, mbali na mwigizaji.

Idadi sasa. Engo (upande kamera inapowekwa) 3, teki (marudio ya kupiga) 4 kila engo, ni teki 12. Kila teki bibi anabangua korosho 10 hivi, jumla 120. Kilo moja ya korosho ghafi ni karibu punje 200, kwa hiyo kilo moja inatosha. Nunua mbili, maana timu itazila.

Barua inachanwa, kwa hiyo kila teki inataka barua mpya: 12, ongeza 3 za akiba, ziwe 15. Zile za kuonekana karibu ziandikwe kwa mkono mmoja na kalamu moja. Za kuonekana kwa mbali zinaweza kutolewa kopi. Zote zikunjwe mikunjo ile ile. Karatasi mpya huzeeshwa kwa chai ya rangi: vijiko 3 vya majani kwenye nusu lita ya maji yaliyochemka, acha ipoe, tumbukiza karatasi dakika moja, anika mahali tambarare kivulini, kisha piga pasi ya moto mdogo. Fanya hivyo kabla ya kuandika, vinginevyo wino utachuruzika. Chai isiwe na sukari. Ukiweka, sisimizi watafika kabla ya dairekta. Vipande vya kila teki vihifadhiwe kwenye bahasha yenye namba ya sini na ya teki, kwa sababu mhariri akiomba picha ya ziada ya vipande sakafuni, utahitaji vile vile.

Thumuni nne zimetoa nusu ukurasa wa manunuzi. Fanya hivyo kwa skripti nzima na tayari unayo bajeti ya seti na propu, orodha ya hatari, na nusu ya ratiba. Mpambaji anaingia kwenye uzalishaji kwa mlango huu, na wengi wanaupita bila kujua.

Kalenda ya huku ina mambo yake

Mtwara na Lindi mvua ni msimu mmoja mrefu, kuanzia Novemba au Desemba hadi Aprili. Barabara za vumbi za ndani, upande wa Newala, Tandahimba au Liwale, zinabadilika kabisa katika miezi hiyo, na lori la seti likikwama limekwama na siku ya shuti ndani yake. Skripti ikitaka mabibo, yaani matunda ya mkorosho, mtini, mnapiga kati ya Oktoba na Desemba, hakuna ujanja mwingine: bibo likichumwa asubuhi, kesho yake limenyauka na linanuka pombe. Anayetaka mnada wa korosho nyuma ya waigizaji apange msimu huo huo, na aombe ruhusa ya chama cha msingi cha ushirika mapema, si siku yenyewe.

Bahari ndiyo inayowaumbua wageni. Siku za bamvua, mwezi mpya na mwezi mpevu, tofauti ya maji kujaa na kupwa hupita mita 3. Kwa makadirio, siku hizo maji hujaa karibu saa 10 alfajiri na saa 10 jioni, na hukauka karibu saa 4 asubuhi. Kila siku inayofuata huchelewa kama dakika 50. Sasa fikiri mmempiga picha mwigizaji saa 4 asubuhi amesimama kwenye mchanga mpana, halafu engo ya kumgeukia mwenzake inapigwa saa 9 alasiri. Nyuma ya mmoja kuna ufuko, nyuma ya mwingine mikoko imezama kiunoni. Hakuna uhariri unaolitibu hilo. Sini za ufukweni zipange siku za maji mafu, tofauti inapokuwa ndogo, au piga engo zote mbili ndani ya saa moja na nusu. Muulize mvuvi, kisha linganisha na jedwali la maji.

Jua nalo. Lindi iko karibu nyuzi 10 kusini mwa ikweta, hivyo jua hupita utosini karibu 20 Oktoba na 22 Februari. Saa 6 mchana ya siku hizo macho ya mwigizaji yanakuwa mashimo meusi. Muda huo piga ndani, au lisheni timu. Juni jua linazama kama saa 12 na dakika 5 jioni, Desemba karibu saa 12 na dakika 40. Mwanga wa dhahabu unaosifiwa hudumu nusu saa hivi, na giza likianza halibembelezi.

Ukuta wa udongo usio wa udongo

Nyumba halisi ya udongo ni nzuri kwa macho na mbaya kwa kamera: chumba kina mita 2.5, kameramani hana pa kurudi nyuma, na mwenye nyumba ana maisha yake. Kuta mbili za kujenga na moja ya kuhamishika zinamaliza tatizo. Kusini tuna malighafi bora kuliko plaiwudi: gunia la juti la korosho.

Kipande kimoja cha ukuta ni futi 8 kwa 4. Mahitaji:

- mbao 3 za inchi 2 kwa 2, urefu wa futi 12
- magunia 3 ya juti, mshono ufumuliwe
- gundi nyeupe ya mbao, lita 2 hivi
- udongo mwekundu uliochekechwa, mchanga laini, maji
- misumari ya inchi 3, na pini za stepla kubwa au misumari midogo

Kata mbao mbili za kwanza kila moja kipande cha futi 8 na kipande cha futi 3 na inchi 8. Ya tatu itoe vipande viwili vingine vya futi 3 na inchi 8, na kinachobaki, futi 4 na ushee, kikate katikati kiwe mikingamo ya kona mbili. Hivyo una nguzo 2, fito 4 za kulala na mikingamo 2, na hakuna mbao iliyopotea. Mafundi wengi wanaruka mikingamo. Ukuta usio nayo unakaa sambusa ukibebwa mara ya pili, na mlango wake haufungi tena.

Vuta gunia juu ya fremu kutoka katikati kwenda pembeni, kama unavyowamba ngoma. Paka gundi iliyochanganywa na maji, sehemu 1 kwa 3, acha ikauke kabisa. Gunia litajikaza lenyewe. Kisha changanya udongo sehemu 4, mchanga 2, gundi 1, na maji mpaka iwe uji mzito unaoshika mwiko. Mkono wa kwanza uwe mwembamba, milimita 3 hivi, ulale usiku mzima kivulini. Kesho yake mkono wa pili, na hapo ndipo unaacha alama za vidole na viganja, kwa sababu ukuta wa udongo hukandikwa kwa mkono na macho ya mtu wa huku yanajua.

Yanayoharibika: ukipaka nene mara moja, udongo unapasuka mabamba na kuanguka lori linapopita tuta. Ukibania gundi, ukuta unatoa vumbi kwenye shati la mwigizaji. Ukikausha juani saa 7 mchana, unapasuka kama tope la bwawa. Mipasuko michache inapendeza, mingi inasema uongo. Kwa ukuta wa mawe ya matumbawe na chokaa, kama zile nyumba za Mikindani, weka plaiwudi ya milimita 3 badala ya gunia na upake chokaa yenye gundi, ukiacha mabonde. Weupe usiwe mweupe: chokaa safi inarudisha mwanga mwingi na kumfanya mwigizaji mweusi aonekane kivuli. Tia rangi kidogo ya udongo ndani ya chokaa mpaka ifanane na maziwa yaliyoungua.

Kuzeesha ni suala la kujua uchafu unaishi wapi. Changanya rangi ya maji nyeusi na kahawia, sehemu 1 kwa 10 za maji, nyunyiza kutoka juu iteremke, kisha futa na tambara katikati ya ukuta. Chini, sentimita 30 hadi 40 kutoka ardhini, weka matone ya tope la mvua. Kando ya mlango, kimo cha mkono, weka mng'ao wa mafuta ya viganja. Juu ya mafiga, masizi. Yawe ya rangi, maana masizi halisi yatahamia kwenye kanga ya bibi na kuvuruga kontinyuiti, yaani kufanana kwa vitu kutoka picha moja hadi nyingine. Ukichafua ukuta wote sawasawa, umepaka rangi ya uchafu tu, na kamera itasema.

Kusimamisha. Kila kipande kinataka pembetatu ya mbao nyuma: mguu wa chini futi 4, kimo theluthi mbili ya ukuta, na juu ya mguu huo viroba viwili vya mchanga vya kilo 20. Nje, wakati wa kusi kuanzia Mei hadi Septemba, kipande cha futi 8 kwa 4 ni tanga kamili. Ongeza kamba na vigingi, na mkienda kula mkilaze chini. Fremu ya mlango ikandamize kwa nyuma na viroba vingine, la sivyo mwigizaji akiubamiza kwa hasira nyumba nzima inatetemeka na mtu wa sauti anasikia boksi.

Usikate mikoko ili upate fito. Misitu ya mikoko ni hifadhi na uvunaji wake unataka kibali. Mikaratusi inatosha.

Filamu za zamani

Kusini inaombwa sana kwa filamu za historia, kwa sababu historia iko wazi: Boma la Mikindani lililojengwa na Wajerumani 1895, magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara ambayo UNESCO iliyaingiza kwenye Urithi wa Dunia 1981, majumba ya Kilwa Kivinje. Kanuni ya kwanza ya mtu wa seti kwenye majengo haya ni kutogusa. Hakuna msumari, gundi, rangi, wala moto ukutani. Kila kitu kisimame chenyewe kwa miguu na viroba, na chini ya kila mguu kuwe na kipande cha gunia. Kama pambo lako haliwezi kusimama bila ukuta wa urithi, badilisha pambo.

Kazi kubwa si kuleta vitu vya zamani, ni kuondoa vya sasa. Pita lokesheni ukiwa na simu, simama pale kamera itakaposimama, piga picha, kisha weka alama kwenye kila kosa: nguzo ya umeme, dishi la king'amuzi, tanki la plastiki, bati jipya, ndoo, kandambili, bango la mtandao wa simu. Nyingine unazificha kwa makuti, mikeka au mkokoteni wa kuni. Nyingine unamwomba kameramani asogee hatua mbili. Anza na hatua mbili, ni bure.

Makosa ya kujua mapema. Filamu ya vita vya Maji Maji, 1905 hadi 1907, ivae kaniki (kitambaa cheusi) na merikani (kitambaa cha pamba kisichopaushwa). Kanga yenye jina kwa herufi za Kilatini kama za leo itachekwa hata na watoto. Fedha ya wakati huo ni rupia ya Kijerumani, na tangu 1904 imegawanywa heller 100, kwa hiyo mwuzaji wa 1906 hawezi kutaja shilingi. Hadithi ya miaka ya 1950 Mtwara inaweza kuwa na garimoshi, kwa kuwa reli ya kwenda Nachingwea ilijengwa kwa ajili ya mpango wa karanga wa Waingereza. Hadithi ya 1975 haiwezi, reli ilikwishang'olewa mwanzoni mwa miaka ya 1960. Miaka ya 1980 hakuna bodaboda, hakuna bajaji.

Mapiko, vinyago vya Wamakonde vya kuvaliwa ngomani, yanataka adabu. Lipiko la kweli lenye historia ya ngoma za midimu halikodiwi kama kiti. Zungumza na wazee, ueleze sini, na kama jibu ni hapana, iishie hapo. Njia iliyo salama ni kumwagiza mchongaji atengeneze la filamu, kwa mti mwepesi kama yalivyo mapiko yenyewe. Mtu wa mjini huagiza mpingo akidhani ndio Umakonde. Mpingo ni mzito mpaka unazama majini, na mwigizaji hachezi nao dakika mbili. Mpe mchongaji wiki tatu, na kipimo cha kichwa cha mwigizaji.

Mavazi na kumbukumbu

Vazi la mhusika anayechafuka liwe nguo tatu zinazofanana: safi, iliyochafuka, na ya akiba. Uchakavu anza kwenye kola, viwiko, makalio na mfuko anaotia mkono. Msasa mwembamba, chai, kisha kufua mara tatu na kuanika juani. Mshonaji aliyezoea sare za harusi hapa atateseka kidogo, kwani mikono yake imezoea unadhifu.

Kontinyuiti kwa simu inatosha ukiwa na nidhamu. Picha nne kila mwisho wa sini, kabla mtu hajagusa kitu: chumba chote, kushoto, kulia, na meza kwa karibu. Ziandike namba ya sini papo hapo. Muhimu zaidi ni picha ya kabla ya chakula cha mchana. Wakirudi, glasi imejaa tena, kilemba kimefungwa upande mwingine, na kila mtu anaapa kilikuwa hivyo.

Kuvuka kwenda uzalishaji

Zile karatasi za sini sasa zigeuze ziwe fedha. Kila kitu kiandikwe: kununua, kukodi, kuazima au kutengeneza. Kila kimoja kipate bei ya leo kutoka dukani, si ya kukumbuka. Ongeza asilimia 10 ya dharura, na uilinde. Dairekta akijua iko wapi ataitumia siku ya pili. Kumbuka kwamba Dar es Salaam ni zaidi ya kilomita 550 kutoka Mtwara. Taa au rangi isiyopatikana mjini itakuja kwa basi, yaani kesho au keshokutwa, kwa hiyo agizo lolote la Dar litoke siku tano kabla.

Masurufu, yaani fedha za matumizi unazokabidhiwa, yanawaharibia watu majina kuliko uvivu. Kila ukipokea, saini. Kila ukitoa, risiti kwenye bahasha ya siku hiyo. Muuza makuti hana mashine ya risiti, hivyo uwe na kijitabu cha hati za malipo: tarehe, kitu, idadi, kiasi, jina, saini au dole gumba. Funga hesabu kila jioni, hata kama umechoka, kwa sababu shilingi 3,000 isiyojulikana leo ni 40,000 Ijumaa.

Umeme. Jenereta la kVA 2.5 linatoa kama wati 2,000, na lisibebeshwe zaidi ya 1,600 kwa muda mrefu. Taa 2 za LED za wati 300 ni 600, chaja na kompyuta 200, jumla 800, mko salama. Kisha mtu wa mavazi anachomeka pasi ya wati 1,200, na kila kitu kinazimika katikati ya teki nzuri kuliko zote. Pasi iwe ya mkaa, au ipigwe kabla. Waya wa kurefusha uwe wa milimita za mraba 2.5, na ukunjuliwe wote. Uliobaki kwenye roli hupata joto na kuyeyuka. Jenereta likae mita 50 nyuma ya nyumba, upande ambao upepo unaondoa sauti.

Chakula: watu 25 wanamaliza mchele kilo 5 kwa mlo mmoja, na maji lita 3 kila mmoja kwa siku, yaani lita 75. Msosi ukichelewa saa nzima, ratiba imekufa kwa saa mbili. Uliza mapema nani hali nini, na wakati wa Ramadhani panga futari kwenye ratiba yenyewe.

Vibali havisubiri wiki ya mwisho. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya 1976 inataka kibali cha Bodi ya Filamu Tanzania kabla ya kupiga, na skripti inaambatana na maombi. Ukiwa nacho, pita kwa afisa utamaduni wa wilaya, mtendaji wa kata na mwenyekiti wa mtaa au kijiji. Bila wao kibali ni karatasi tu. Magofu ya Kilwa na eneo la hifadhi ya bahari la Ghuba ya Mnazi vina wasimamizi wao na ada zao. Droni inataka Mamlaka ya Usafiri wa Anga na pia Wizara ya Ulinzi. Bandari na mitambo ya gesi usielekeze kamera bila ruhusa ya maandishi, hata kama ni kwa nyuma tu. Bunduki za mbao na sare za polisi, kituo kijulishwe kabla. Wananchi wakiona mtu anakimbizwa na askari hawaulizi kama ni filamu.

Karatasi ya ratiba ya kesho, kolshiti, itumwe kabla ya saa 2 usiku: sini zipi, thumuni ngapi, nani anafika saa ngapi, gari lipi, propu zipi, simu ya zahanati ya karibu, muda wa jua na wa maji. Saa iandikwe mara mbili, saa 1:00 asubuhi (07:00), kama kuna mgeni kwenye timu. Wapo wanaofika saa saba mchana kwa sababu ya kosa hilo, na wanaapa wako sahihi.

Kupata kazi na kulipwa

Kazi za kuanzia si lazima ziwe filamu ndefu. Video za muziki, matangazo, filamu za mafunzo ya mashirika na tamthilia zinataka mtu wa propu. Ngazi ya usanifu kwa kawaida huanza kwa mtu wa propu, ikapanda kwa mpamba seti, msanifu msaidizi, hadi msanifu mkuu. Cheo hicho cha juu Hollywood kinahesabiwa tangu 1939, alipopewa William Cameron Menzies. Upande wa uzalishaji unaanza kutumwatumwa, kisha mratibu, meneja wa lokesheni, meneja uzalishaji. Mahali pa kuvukia ni mratibu wa idara ya seti, yule anayeshika orodha, fedha na muda wa wasanii. Omba nafasi hiyo kwa jina.

Jalada la kazi liwe na miradi mitatu, si thelathini. Kila mradi: mchoro, picha ya mahali kabla, picha baada, fremu kutoka kwenye filamu yenyewe, na ukurasa mmoja wa bajeti bila siri za mteja. Ukurasa huo wa bajeti ndio unaowashangaza maprodyuza. Wapiga picha nzuri ni wengi.

Makubaliano yaandikwe, hata kwa ujumbe wa simu: malipo kwa siku, siku ya kazi ni saa ngapi, baada ya hapo ni kiasi gani, siku za maandalizi na za kuvunja seti zinalipwaje, vifaa vyako vinakodiwa kwa kiasi gani mbali na mkono wako, jina lako litaandikwaje mwishoni mwa filamu. Nusu ije kabla ya kununua msumari. Usitumie hela yako kununua mali za filamu, hata ukiambiwa itarudi jioni.

Siku ya kuvunja seti igawie watu watatu na siku nzima. Vitu vya kuazima virudi kwanza, kwa orodha ile ile ya kuvichukulia yenye picha, na mwenye mtungi aukague mbele yako kabla hujapewa saini. Mbao zing'olewe misumari, misumari ihesabiwe kwenye kopo, kisha pita eneo lote na sumaku iliyofungwa kamba, kwa sababu kesho watoto watacheza hapo peku. Magunia yasiyopakwa udongo yarudi kwa mwenyewe, yaliyopakwa yakaushwe na kutunzwa kwa ukuta mwingine.